Huna kamera? Anzia kwenye ratiba: njia ya kuingia kwenye filamu ukiwa Mbeya, Iringa au Njombe

Vijana wanaotaka kuongoza filamu huku Nyanda za Juu Kusini huniuliza maswali yale yale. Sina kamera, nianzeje? Ni lazima nihamie Dar? Nani ataniamini na filamu yake wakati sijawahi kufanya hata moja? Nimeona niyajibu kwa maandishi, kwa kirefu, ili anayeuliza tena nimpe hii asome.

Jibu langu ni hili: ingia kupitia uzalishaji. Nafasi ya kuongoza inagombewa na kila mtu. Nafasi ya kuhakikisha siku ya kushuti inaanza kwa wakati, watu wanakula, gari linafika na sini (vipande vya hadithi vya kushuti) zinaisha haigombewi, kwa sababu jina la anayeifanya halikai kwenye bango. Lakini ukiishika vizuri kwa filamu kadhaa, utakuwa umejua jambo ambalo waongozaji wengi wachanga hawalijui: filamu inatengenezwa na muda, na muda huo una mwisho.

Njia hii si ya huku kwetu peke yake. Robert Aldrich wa Marekani aliingia studio ya RKO mwaka 1941 akiwa karani wa uzalishaji. Akapanda kuwa mwongozaji msaidizi, akafanya kazi chini ya waongozaji Jean Renoir na Charlie Chaplin, na filamu yake ndefu ya kwanza aliiongoza mwaka 1953. Wewe hutahitaji miaka 12 kufikia filamu fupi ya dakika sita, ila usitegemee miezi miwili.

Tofauti ya kazi hizi, kwa kifupi. Prodyuza anatafuta pesa na ndiye mwenye filamu. Meneja uzalishaji anaipanga hiyo pesa iwe siku, magari, chakula, vibali na watu. Mwongozaji msaidizi anaendesha saa kwenye seti, yaani mahali pa kushuti. Mwongozaji anaamua hadithi inaonekanaje na inasikikaje. Kwenye filamu zetu ndogo mtu mmoja hushika kofia mbili au tatu. Haidhuru, mradi ujue kwa wakati fulani umevaa ipi.

Vitu vya kuwa navyo kabla ya kuanza

- Daftari gumu, usitegemee simu peke yake. Simu huisha chaji na huloa.
- Simu yenye laini mbili za mitandao tofauti. Ukipanda Uporoto au ukishuka mabonde ya Rungwe, mtandao mmoja hupotea na mwingine hubaki.
- Bahasha mbili: moja ya risiti, moja ya fedha ndogo za matumizi ya siku.
- Kalamu za rangi nne au tano kwa ajili ya kuchambua skripti.
- Koti la mvua, buti, tochi ya kichwani. Juni na Julai ongeza sweta zito na kofia ya kufunika masikio.
- Turubai moja kubwa. Nalisisitiza hili kuliko kifaa kingine chochote kwenye orodha hii.
- Namba za simu za watu hawa: fundi umeme, dereva wa Noah au Coaster anayeamka mapema, mama anayepika kwa watu wengi, na mtu wa kukodisha jenereta.

Kamera haimo kwenye orodha. Haijasahauliwa.

Hatua ya 1: Ingia kwenye filamu ya mtu mwingine

Mbeya na Iringa zina vikundi vya maigizo, kwaya zinazorekodi video, studio za harusi, vyuo vyenye wanafunzi wanaoshuti kazi zao. Kila kimoja kina mahali ambapo kazi inakwama. Nenda, salimia, waambie: "Nataka kusaidia upande wa uzalishaji. Nipeni siku moja." Usiseme unataka kuongoza. Fanya kazi, angalia nani anaitwa kila baada ya dakika tano na kwa jambo gani. Hayo mambo yanayoitiwa watu ndiyo kazi utakayokuja kuifanya.

Video za kwaya zisidharauliwe. Watu arobaini waliovaa sare moja, mahali patatu kwa siku moja, wazee wa kanisa wakisubiri, mvua ikinukia: hapo utajifunza kupanga kuliko kwenye filamu ya watu watatu sebuleni.

Kubalianeni malipo mapema, hata kama ni nauli na chakula tu, na muandikiane. Ujumbe wa simu unatosha kwa kuanzia.

Hatua ya 2: Chambua skripti mpaka usikie kila kitu kinachohitajika

Soma mara ya kwanza kama msomaji, bila kalamu. Mara ya pili soma na kalamu za rangi: waigizaji rangi moja, vitu vya mkononi nyingine, mavazi nyingine, magari na wanyama nyingine, sauti na mwanga nyingine. Kila sini iwe na karatasi yake.

Chukua mstari mmoja wa mfano: *Sini ya 7. Nje. Barabarani, Kiwira. Asubuhi. Neema anashuka kwenye bajaji na ndoo ya parachichi, mvua inanyesha, anampigia simu baba yake.*

Anayeanza huandika: Neema, bajaji, ndoo. Sasa tazama kilichojificha. Bajaji ina dereva, na dereva anapoteza abiria wa asubuhi, kwa hiyo alipwe mapato ya saa hizo pamoja na mafuta. Neema ataloa kwenye teki ya kwanza (teki ni kila mara mnaporekodi sini), na teki ya pili lazima aanze akiwa mkavu. Anahitaji nguo za aina moja seti mbili au tatu, taulo, na mahali pa kubadilishia. Viatu vitashika tope. Ama vifutwe kila teki, ama vianze na tope tangu teki ya kwanza. Ndoo ikijaa parachichi, mwigizaji ataibeba mara kumi. Jaza magazeti chini, parachichi ziwe juu tu. Simu yake isiite kweli katikati ya teki. Baba anasikika au hasikiki? Akisikika, sauti yake inarekodiwa lini na wapi? Kamera inakaa chini ya nini? Na je, kama siku hiyo mvua haikunyesha?

Mstari mmoja tu umetoa orodha yote hiyo. Fanya hivyo kwa kila sini. Kazi hii huchukua siku nzima kwa skripti ya kurasa kumi, na hakuna njia ya mkato.

Kisha hesabu kurasa. Ukurasa mmoja ulioandikwa kwa mpangilio wa skripti hutoa takriban dakika moja ya filamu, na kila ukurasa hugawanywa katika sehemu nane ili sini fupi nazo zihesabike. Kwa timu inayoanza, kurasa tatu hadi nne kwa siku moja ya mwanga zinatosha sana. Mwongozaji akikuambia mtamaliza nane, mwonyeshe karatasi zako za uchambuzi, kwa upole.

*Kosa la kawaida:* kuchambua skripti ambayo bado inaandikwa. Kubalianeni toleo, liandikwe tarehe juu, na badiliko lolote likija litoke kwenye karatasi ya rangi nyingine.

Hatua ya 3: Kagua lokesheni kwa masikio, kisha kwa macho

Huku kwetu uzuri si tatizo. Mlima Rungwe, mashamba ya chai ya Katumba na Mufindi, mawe ya Gangilonga juu ya mji wa Iringa, Daraja la Mungu kule Kiwira, nguzo za udongo za Isimila umbali wa kama kilomita 20 kutoka Iringa mjini kwenye barabara ya Mbeya. Ukisimama popote na simu, picha inatoka. Ndiyo maana watu hukosea: wanachagua kwa macho.

Nenda mahali hapo saa ileile mtakayoshuti, siku ileile ya juma. Simama, fumba macho dakika tano, andika unachosikia. Mafiati, Mwanjelwa, Soweto na Uyole ziko kwenye barabara kuu ya kwenda Tunduma, na malori hayalali. Mashine ya kusaga huanza asubuhi na kutulia mchana. Jumapili kuna spika za makanisa, siku ya soko kuna matangazo. Bodaboda wa kijiwe wana muziki wao.

Vingi kati ya hivi vinajadilika. Mwenye mashine ya kusaga akiendewa siku moja kabla, kwa heshima, hukubali kuzima kwa vipindi mkikubaliana malipo. Nimeona mazungumzo kama haya yakifanyika vizuri sana pale Uyole, na dada meneja uzalishaji aliyeyafanya hakuanza na pesa hata kidogo:

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Mnasaga?"

"Hapana mzee, kesho tutakuwa nyumba ya pili hapo, tunarekodi mchezo. Mashine ikinguruma, maneno ya wasanii hayasikiki. Nimekuja kukuuliza wewe saa gani wateja wako huwa wachache."

Mzee akataja saa mwenyewe. Ratiba ikapangwa kuifuata mashine, na malipo yakawa madogo.

Baada ya masikio, kagua mengine: jua linatokea upande gani na linazama wapi, maji, choo, mahali pa wasanii kukaa wasionekane, soketi ngapi na zinafanya kazi, gari linafika mpaka wapi mvua ikinyesha. Njia za udongo mwekundu za Rungwe na Makete zikiloa, Noah haipandi. Angalia paa. Bati bila dari likipigwa na mvua, hamtarekodi neno hata moja ndani ya nyumba hiyo, na mvua yenyewe hamuwezi kuinunua inyamaze. Chagua nyumba yenye dari au ya nyasi kwa sini za mazungumzo.

Na ujue hali ya hewa ya mahali, isiwe ya mkoa. Tukuyu hupata zaidi ya milimita 2,000 za mvua kwa mwaka na mvua yake haina likizo ndefu. Iringa mjini haifiki nusu ya hiyo. Kwa maeneo mengi mengine mvua huanza Novemba na kuendelea hadi mwishoni mwa Aprili. Agosti mpaka Oktoba ni kavu, lakini kuna upepo na vumbi, na mikrofoni isiyofunikwa manyoya yake itarekodi upepo tu. Ukitaka maua ya Kitulo, nenda wakati wa mvua, ukiwa na magari ya kufaa. Ukienda Agosti kwa sababu barabara ni nzuri, utakuta nyasi.

Hatua ya 4: Vibali

Anza na Bodi ya Filamu Tanzania. Shughuli hii inasimamiwa na Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya mwaka 1976 na kanuni zake. Kibali huombwa kabla ya kushuti na skripti huwasilishwa. Ukiwa mkoani, mtu wako wa kwanza ni Afisa Utamaduni wa halmashauri. Atakuelekeza ada na fomu za wakati huo, na akikufahamu, filamu ya pili itakuwa rahisi zaidi.

Kisha shuka: mtendaji wa kata, mwenyekiti wa mtaa au kijiji, mwenye nyumba au shamba. Wote kwa barua yenye tarehe, saa, idadi ya watu na namba yako ya simu. Kijijini usiishie kwenye barua. Fika mwenyewe, keti, salimia kwa lugha ya pale kama unaijua hata kidogo. "Kamwene" ukiwa Iringa au Njombe hufungua mlango ambao mhuri hauufungui.

Mahali maalumu pana wenyewe. Hifadhi za Taifa, kama Kitulo na Ruaha, ni TANAPA. Misitu ya hifadhi, ikiwemo ya Mlima Rungwe, ni TFS, wakala wa misitu. Ndege isiyo na rubani inahitaji kibali cha Mamlaka ya Usafiri wa Anga, hata kama ni ndogo ya kutoshea kwenye begi. Stesheni za TAZARA, madaraja, viwanja vya ndege na vituo vya ulinzi usiviguse bila ruhusa ya maandishi mkononi. Sare za polisi na za jeshi pia: usishone wala kuazima bila kibali, hata kwa sini ya sekunde kumi.

*Kosa la kawaida:* kibali kiko Mbeya mjini kwenye faili, timu iko Makete. Toa nakala tatu. Moja ikae kwako, moja kwenye gari, moja kwa mwongozaji.

Hatua ya 5: Bajeti

Chukua karatasi za uchambuzi, kila kitu ulichoandika kipe bei ya leo uliyouliza kwa mdomo wako. Usitumie bei ya filamu ya mwaka jana. Panga mafungu: watu, usafiri, chakula, vifaa, lokesheni na vibali, baada ya kushuti, na dharura. Fungu la dharura liwe asilimia 10 ya jumla, na lisiguswe bila kukubaliana na prodyuza.

Ukiambiwa upunguze, punguza siku au idadi ya lokesheni. Usipunguze chakula. Timu iliyokula ugali moto, maharage na mboga saa saba itafanya kazi mpaka jua lizame; timu iliyopewa soda na biskuti itaanza kununa saa tisa, na mwongozaji atadhani waigizaji hawajui kazi.

Vifaa vikitoka Dar kwa basi, hesabu siku moja nzima ya ziada. Lori moja likikwama mlima Kitonga, magari yote yanasubiri, na kamera yako imo humo.

Mfuko wa Utamaduni na Sanaa Tanzania hutoa mikopo kwa wasanii. Ni mkopo, unarudishwa. Kwa filamu fupi ya kwanza, ambayo haitauzwa, sishauri.

Hatua ya 6: Tengeneza ratiba kwa kufuata jua la huku

Hapa ndipo watu waliojifunza kazi Dar hupotea wakija kwetu. Mbeya iko magharibi zaidi, kwa hiyo jua linatukuta kama dakika 20 na zaidi baada ya Dar. Juni na Julai, Mbeya jua huchomoza karibu saa 1 kamili asubuhi na kuzama kama saa 12 na nusu jioni. Desemba huchomoza karibu saa 12 na nusu asubuhi na kuzama kama saa 1 jioni. Iringa inatangulia kwa takriban dakika tisa. Ukiandika "kuanza kushuti saa 12 kamili asubuhi" mwezi wa Julai pale Mbeya, utakuwa umewaamsha watu ishirini waje wasimame gizani kwenye baridi.

Toa pia ukungu. Isyonje na Uporoto hufunikwa asubuhi nyingi na ukungu huondoka polepole. Kama sini inautaka ukungu, iwe ya kwanza, na iwe fupi, kwa sababu hautawasubiri mrudie. Kama haiutaki, anzeni ndani.

Ukanda wa saa sita hadi saa tisa mchana jua linakuwa juu ya kichwa na nyuso zinaingia kivuli machoni. Weka sini za ndani hapo, pamoja na chakula. Maeneo ya Rungwe, mvua hupenda kuanza alasiri, hivyo sini za nje ziwe asubuhi.

Panga kwa mahali, usifuate mtiririko wa hadithi. Sini zote za jikoni kwa mama zishutiwe pamoja hata kama moja ni mwanzo na nyingine ni mwisho wa filamu. Lakini sini nzito ya kilio usiiweke kuwa ya kwanza siku ya kwanza. Waigizaji bado hawajazoeana.

Kisha andika karatasi ya siku, moja tu, itumwe kwa wote kabla ya saa 1 usiku wa kuamkia siku ya kazi: saa ya gari kuondoka na mahali pa kukutania, sini za siku kwa mpangilio, nani anahitajika saa ngapi, mavazi, chakula, hospitali au zahanati ya karibu, na namba yako. Siyo kila mtu aitwe saa moja. Mzee wa miaka sabini anayeonekana saa nane aitwe saa saba.

Hatua ya 7: Siku yenyewe

Wewe fika wa kwanza. Chai ya maziwa na maandazi viwe tayari kabla ya gari la wasanii. Mpangilio wa kila sini ni huu: mwongozaji na waigizaji wanafanya mazoezi bila kamera, wengine wote wakitazama, waigizaji wanakwenda kuvaa, kamera, taa na sauti wanajipanga, zoezi la mwisho, teki. Timu ikiruka hatua ya mazoezi, mnaanza kubishana kuhusu nafasi ya kamera wakati mwanga unakwenda.

Andika saa ya teki ya kwanza na saa ya teki ya mwisho kwa kila sini. Baada ya filamu mbili utajua kwa hakika mwongozaji fulani anahitaji dakika ngapi kwa ukurasa, na ratiba zako zitaanza kusema ukweli.

Mwongozaji akichelewa, usimwambie mbele ya watu. Mfuate, sema kwa sauti ndogo: "Tuna dakika 40 za mwanga na shoti tano. Zipi tatu huwezi kuzikosa?" (Shoti ni picha moja ya kamera kutoka sehemu moja.) Swali hilo litamsaidia kuliko "tuharakishe."

Kila mahali kabla ya kufungasha, watu wote wakae kimya sekunde 30 na mtu wa sauti arekodi ukimya wa pale. Mhariri atauhitaji kuziba mapengo, na hakuna anayerudi Katumba kwa ajili ya ukimya.

Hatua ya 8: Linda picha

Kamera inayorekodi megabiti 100 kwa sekunde hujaza takriban gigabaiti 45 kwa saa moja. Hesabu kadi na diski zako kabla ya kuondoka nyumbani. Kadi haifutwi mpaka picha ziwe kwenye diski mbili tofauti na mtu amezifungua akaona zinacheza. Diski hizo zisilale nyumba moja wala kusafiri kwenye begi moja.

Hatua ya 9: Sogea karibu na mwongozaji

Ukishaaminika, omba uwe mwongozaji msaidizi. Hapa utaona anavyozungumza na waigizaji na anavyochagua teki. Baada ya kila siku jiulize ungeshuti vipi sini ile ile, uichore kwenye daftari. Baadaye omba kukaa na mhariri. Huko ndiko utakapoona shoti zipi zilizowachukua saa mbili hazikutumika.

Hatua ya 10: Ongoza ya kwako

Andika kwa ajili ya vitu ulivyonavyo tayari: nyumba uliyozoeana na mwenyewe, bajaji ya dereva unayemjua, soko ulilowahi kupata ruhusa yake. Kurasa sita, mahali pawili, waigizaji watatu, mchana. Kamera na mpigapicha wake utavipata, kwa sababu miaka hii yote umekuwa ukiwapigia watu simu na kuwalipa kwa wakati.

Sasa sikiliza onyo hili, maana linawahusu hasa wanaotoka uzalishaji: saa mpe mtu mwingine. Meneja uzalishaji akiongoza huwa anakata teki mapema na kukubali iliyo nusu, kwa kuwa kichwani anahesabu mafuta ya jenereta. Tafuta mtu wa kushika ratiba, umwamini, na wewe utazame uso wa mwigizaji.

Mwigizaji mpe jambo la kufanya. Ukimwambia mama "uwe na huzuni," atakunja uso. Mwambie: "Hutaki mwanao ajue ulikuwa unalia. Akiingia tu, anza kujifunga kanga upya." Mikono itashughulika, na huzuni itaonekana yenyewe.

Wazee waache waongee wanavyoongea. Bibi wa Rungwe akilazimishwa Kiswahili cha tamthilia za Dar, anakuwa mgeni ndani ya nyumba yake. Kama mazungumzo ni ya Kinyakyusa au Kihehe, weka maandishi ya Kiswahili chini ya picha. Filamu zetu zinahitaji sauti hizi, na sioni nani mwingine atazirekodi zaidi yetu.

Shuti kwanza shoti pana ya sini nzima, kisha sogea. Mwanga ukiisha, una sini.

Muziki usichukue wa mtu bila mkataba. Mtafute mpiga gitaa au kwaya ya hapo, muandikiane. Ukimaliza, sajili kazi yako COSOTA, ofisi ya hakimiliki.

Mambo yakiharibika

*Mvua imeanza na sini ni ya nje.* Kila ratiba iwe na sini moja ya ndani iliyo tayari kuingia. Waigizaji wake wawe kwenye orodha ya siku hata kama hawakuitwa. Turubai ni la kulinda vifaa na kusubiria dakika 20. Zikipita, ingieni ndani.

*Umeme umekatika.* Jenereta likae mbali kadiri waya unavyofika, nyuma ya ukuta au kichuguu, upande ambao upepo unapeleka sauti kwingine. Kama halipo, sogeza sini kwenye dirisha.

*Picha inachezacheza chini ya taa za ndani.* Umeme wetu ni wa hezi 50. Kwenye kamera weka kasi ya shata 1/50 ya sekunde na fremu 25 kwa sekunde.

*Lenzi imejaa mvuke.* Kamera imetoka kwenye baridi ikaingia jikoni penye moto. Iache ndani ya begi lililofungwa nusu saa ipate joto polepole. Betri nazo hupungua haraka kwenye baridi ya Makete. Zitembee kwenye mfuko wa ndani wa koti.

*Watu wamejaa nyuma ya kamera.* Usiwafukuze. Mwombe mwenyekiti wa kijiji akupe vijana wawili wanaoheshimika, walipwe, wao ndio watakaoomba kimya. Watoto wape sehemu ya kukaa wanapoona vizuri.

*Mwigizaji mkuu hajafika.* Shuti mikono, vitu, njia, watu wengine wakimsikiliza. Mpe saa moja, kisha badili sini. Kumbuka kumuuliza kilichompata kabla ya kumlaumu. Mara nyingi ni gari.

*Mwenye nyumba amegeuka.* Mara nyingi ndugu yake amemwambia filamu ina mamilioni. Kaa naye, mwonyeshe barua mliyosainiana na bajeti ya chakula cha siku. Akikataa bado, ondokeni kwa shukrani. Lazima uwe na nyumba ya pili iliyokaguliwa.

*Filamu imekamilika, nani ataiona?* Kabla ya kuonyeshwa hadharani, Bodi ya Filamu huihakiki na kuipangia daraja la umri. Onyesho la kwanza liwe pale mliposhuti, kwenye ukumbi wa shule au wa kijiji, na wenye nyumba na mashine waliowasaidia wakae mbele. Kisha tuma kwenye matamasha, ZIFF ya Zanzibar ikiwemo. Mengi hufunga milango ya kupokea kazi miezi kadhaa kabla ya tamasha na hutaka maandishi ya Kiingereza chini ya picha, kwa hiyo tarehe hizo na gharama ya mtafsiri ziingie kwenye bajeti tangu Hatua ya 5.